Masango, Foni na Uzi wa Kioo

Waya ulifika Uvira ukiwa fedha, miaka mingi kabla haujafika ukiwa sauti. Tarehe 26 Aprili 1858 mitumbwi miwili iliyotoka Ujiji iliingia kwenye ufuo wa Uvira, kwenye kichwa cha ziwa Tanganyika. Ndani yake walikuwamo Waingereza wawili, Richard Burton na John Speke, pamoja na wapiga makasia waliokuja kwa biashara zao wenyewe. Waingereza walikuwa na swali moja: mto Ruzizi unatoka ziwani au unaingia ziwani? Wenyeji wakawajibu kwamba unaingia. Wenyeji nao walikuwa na lao, ambalo kila mgeni huulizwa penye soko: umeleta nini? Misafara ya wakati ule ilibeba mali ya aina tatu: nguo, ushanga na masango.

Neno hilo limetoweka midomoni mwetu, nami nalililia. Masango yalikuwa mizunguko ya waya mnene wa shaba ya manjano, uliopandishwa kutoka pwani mabegani mwa wapagazi, ukining'inia pande mbili za mti. Ulinunua pembe, ulinunua nafaka na, katika karne ile ya uchungu, ulinunua hata binadamu. Wahunzi waliukata, wakaufua na kuukunja kuwa bangili na vikuku. Basi watu wa ziwa hili walijua kuupima waya kwa mkono na kuutambua ulio mzuri kwa jicho, kabla hawajaambiwa na yeyote kwamba neno linaweza kukimbia ndani yake. Naanzia huko kwa sababu tumezoea kusimulia habari za mawasiliano kana kwamba nchi hii ilizaliwa siku ulipopandishwa mlingoti wa kwanza wa simu ya mkononi.

Runingu iko kwenye uwanda wa Ruzizi, kaskazini mwa mji wa Uvira, kwenye barabara ya Bukavu. Ukitoka mjini unaiacha Kavimvira na mpaka wake wa Burundi, unapita njia ya Kiliba kulikokuwa na kiwanda cha sukari, kisha unafika Runingu; mbele yako ni Sange na Luvungi. Kushoto ni milima, kulia ni uwanda unaoteremka hadi Ruzizi, na ng'ambo ya mto ni Burundi. Kila kinachopanda Bukavu kutoka ziwani na kila kinachoshuka ziwani kutoka Bukavu kinapita hapo: magunia, askari, wakimbizi, samaki wakavu, nyaya. Kinapita. Hilo ndilo neno ninalolikuta kila nikifungua ukurasa wa historia hii, nalo ndilo lililonifanya niiandike.

Novemba 1871 msafiri Livingstone, aliyedhaniwa amekufa, na Stanley, mwandishi wa gazeti aliyemtafuta, walipiga makasia kutoka Ujiji hadi kichwa cha ziwa, wakauona mdomo wa Ruzizi kwa macho yao na kuthibitisha walichoambiwa Burton na Speke miaka 13 nyuma. Habari kwamba Livingstone yu hai ilichapishwa na gazeti la Stanley huko New York Julai 1872. Miezi minane! Sehemu kubwa ya muda huo ililiwa na miguu ya binadamu kati ya ziwa na pwani, kwa maana Zanzibar yenyewe ilikuwa bado haina waya. Kebo ya chini ya bahari, ya Eastern and South African Telegraph Company, iliwasili mwaka 1879 kutoka Aden, ikapita Zanzibar na kuendelea Msumbiji hadi Durban. Mwaka 1890 tawi lake likavushwa hadi Bagamoyo na Dar es Salaam.

Watu wa pwani walikiita kitu hicho simu, neno la Kiajemi lenye maana ya waya. Walisema kupiga simu, na karani wa posta alikuwa anapiga kweli, ti-ti-taa, kwa kidole juu ya kitufe cha shaba. Baadaye ilipokuja mitambo isiyohitaji waya, Kiswahili hakikuona haya: kikaiita simu ya upepo. Leo kijana wa Uvira anayempigia mwenzake bila waya wowote anatamka, bila kujua, kwamba anapiga waya.

Kutoka pwani na kutoka kusini, matajiri na wafalme walianza kushindana kuufikisha waya Tanganyika. Cecil Rhodes aliunda kampuni mwaka 1892 ili simu itoke Cape hadi Cairo. Machi 1899 alikwenda Berlin kumwomba Kaisari Wilhelm II ruhusa ya kupitisha nguzo zake katika ardhi ya Wajerumani, kandokando ya ziwa hili upande wa mashariki, akakubaliwa. Rhodes akafa Machi 1902. Waya wake ulifika Ujiji, ukakomea hapo. Cairo haikuuona kamwe.

Upande wetu wa magharibi, utawala wa Mfalme Leopold II wa Ubelgiji ulimwajiri mwaka 1898 Mmarekani Richard Dorsey Mohun, mtu aliyewahi kuwa konseli wa nchi yake Zanzibar, aongoze msafara wa kutandaza simu kutoka Tanganyika kuelekea Nile. Mkataba ulikuwa wa miaka mitatu. Aliikuta nchi ikiwaka moto. Askari wa safu ya Baron Dhanis, ofisa wa utawala huo, walikuwa wameasi mwaka 1897 huko kaskazini, wakawaua maofisa wao, na mabaki yao yalikuwa yakizunguka na bunduki katika nchi za magharibi na kaskazini mwa ziwa. Ndoto ya kufika Nile haikutimia. Nikiisoma habari hii, macho yangu hayabaki kwa Mohun. Yanakwenda kwa wale waliobeba mizunguko ya waya mabegani, mizigo ileile ya masango, tofauti ikiwa kwamba huu haukuwa wa kununulia kitu. Mtu anabeba utajiri wa waya kwa siku 30 na hana ruhusa ya kukata hata kipande cha kikuku cha binti yake. Wakoloni waliandika sana kuhusu wizi wa nyaya. Mimi naona jambo la wazi zaidi: nguzo ilisimama shambani kwa mtu, na neno lililopita juu ya mihogo yake halikuwa lake.

Baada ya hapo Wabelgiji walichoka na misitu, mchwa na dhoruba, wakageukia simu ya upepo. Kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia walikuwa wamejenga mlolongo wa vituo ulioufuata mto Kongo kutoka Boma hadi Katanga, kwenye migodi yao. Kichwa cha Tanganyika kilikuwa mbali na mlolongo huo. Wajerumani nao walileta reli yao kutoka Dar es Salaam hadi Kigoma mwanzoni mwa 1914, na reli haitembei bila waya kando yake. Kwa hiyo tangu zamani hizo sisi wa pwani ya kaskazini tumekuwa tukiyatazama mawasiliano ng'ambo ya maji, kama mtu anayeona moshi wa jiko la jirani.

Miongo iliyofuata naipita haraka. Uvira ilipata posta, na posta ikapata simu ya waya kwa ofisi na wenye nafasi. Mwishoni mwa miaka ya 1950 kituo cha umeme cha Ruzizi I kilianza kazi karibu na Bukavu, na nguvu yake ikavutwa kwa nyaya hadi kwenye miji ya kichwa cha ziwa. Mei 1964 Uvira ilichukuliwa na wapiganaji wa Simba. Oktoba 1996 vita vingine vilianzia milimani na uwandani hapahapa kabla ya kuimaliza Zaire nzima. Katikati ya hayo shaba ya simu ilikatwa, ikaibwa, ikaoza, na shirika la posta likabaki na majengo.

Mahali pa shaba palichukuliwa na foni. Aliyekulia Kivu ya miaka ya 1980 na 1990 haelezwi foni ni nini: redio ya mawimbi mafupi juu ya meza, betri ya gari chini ya meza, waya mmoja uliofungwa kwenye miembe miwili nje, na mtu wa kuiendesha anayerudia jina la mji wa mbali mpaka sauti yake inakauka. Uliandika ujumbe kwenye kipande cha karatasi, ukasubiri kwenye benchi. Mama aliyefiwa alisikia habari ya msiba mbele ya wafanyabiashara waliokuja kuuliza bei ya mafuta ya mawese, nao walinyamaza, wakavua kofia. Siri haikuwapo. Lakini wakati huo hata asiyejua kusoma aliweza kumfikia mwanawe aliyeko Kalemie au Kisangani, na nafikiri hakuna chombo kilichowahi kuwa cha watu zaidi ya kile.

Kinshasa ilikuwa na Telecel ya Miko Rwayitare tangu katikati ya miaka ya 1980, simu za mkononi za wakubwa. Kwetu rezo ilifika mwanzoni mwa miaka ya 2000. Rezo ni neno letu, na kila mtu analijua: rezo ipo, rezo imekata, panda kichuguu uone kama utapata rezo. Mlingoti wa mlimani ulizungumza na mlingoti mwingine kwa mawimbi, ukinywa mafuta ya jenereta usiku na mchana. Wengi wa Uvira waliweka na laini ya Burundi kwenye mfuko mwingine, kwa maana milingoti ya Bujumbura inauona ufuo wetu.

Mawimbi yana kikomo chake, na kikomo hicho ndicho kilichowarudisha watu kwenye waya, safari hii wa kioo. Mwaka 1966 Charles Kao, Mchina aliyefanya kazi Uingereza, aliandika pamoja na mwenzake George Hockham kwamba kioo hakipotezi mwanga kwa sababu ni kioo. Kinaupoteza kwa sababu ni kichafu. Kikisafishwa vya kutosha, alisema, kitabeba mazungumzo mbali. Mwaka 1970 wanasayansi wa kiwanda cha Corning huko Marekani walivuta uzi uliobakiza zaidi ya asilimia moja ya mwanga baada ya kilomita moja, na hiyo ilihesabiwa ushindi. Uzi wa siku hizi unabakiza nusu ya mwanga baada ya kilomita 15. Kao alipewa Tuzo ya Nobeli mwaka 2009. Mwaka huohuo kebo za baharini za uzi huo, TEAMS na SEACOM, zilitia nanga Mombasa, na SEACOM ikafika Dar es Salaam pia; EASSy ikafuata mwaka 2010. Upande wa Atlantiki, kebo ya WACS iliifungulia Kongo mlango wa Muanda mwaka 2013.

Watanzania waliliita shina lao la faiba, yaani la uzi huo wa kioo, Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano. Mkongo kwao ni shina kuu linalobeba matawi. Sisi ndio Wakongo, tuko ng'ambo, na shina linaitwa mkongo. Burundi nayo ilichimba mtandao wake wa nchi nzima. Kwa mara nyingine tena kitu kilitoka pwani, kikapanda njia ya misafara na reli, kikasimama mbele ya maji yetu.

Kwa hesabu, maajabu yenyewe ni haya. Mwanga ndani ya kioo hukimbia kilomita 200,000 kwa sekunde. Ukiivuta kebo ya kilomita 1,500 kati ya kichwa cha ziwa na bandari ya bahari ya Hindi, mwanga unaimaliza kwa milisekunde saba na nusu. Habari ya Livingstone ilitumia miezi kwenye njia hiyohiyo. Lakini kasi haiondoi unyonge: Mei 2024 EASSy na SEACOM zilikatika pamoja baharini karibu na Afrika Kusini, na Afrika Mashariki nzima ikatambaa kwa siku kadhaa. Huku kwetu adui ni mito. Aprili 2020 Mulongwe ulivunja kingo zake katikati ya Uvira, ukaua watu na kubomoa maelfu ya nyumba. Mto unaobeba mawe makubwa kama nyumba hauuheshimu mfereji wa kebo wa kina cha mita moja. Anayepitisha kebo kwenye uwanda wa Ruzizi lazima aisome milima kwanza, ajue kila kijito hutanuka hadi wapi mvua za Aprili zikishuka.

Kuchimba ni kazi ya wengi na haina siri. Mfereji wa mita moja au zaidi, bomba la plastiki gumu, utepe wa rangi kali juu yake ili mchimbaji wa kesho aonywe, kisha udongo. Kila baada ya umbali kuna chemba yenye kifuniko cha zege, ambamo huachwa mzunguko wa kebo ya akiba. Chemba ndilo neno ninalotaka msomaji wa Runingu alikariri. Faiba inayopita kijijini bila chemba inayofunguka kwa ajili ya kijiji ni nguzo ya Rhodes iliyolazwa chini ya ardhi. Haiwezi kudokolewa popote kama waya wa umeme. Isipopangiwa mahali pa kutokea tangu mwanzo, itapita. Mwenye mamlaka ya kutoa ruhusa ya kuchimba, awe mwami, mkuu wa kijiji au ofisi ya barabara, ana siku moja tu ya kuuliza chemba yetu iko wapi, nayo ni siku kabla ya jembe la kwanza.

Nilijifunza mengi ya haya nikiwa nimeshika tochi. Ilikuwa Runingu, kwenye majengo mawili ya taasisi moja iliyopata paneli za jua na kompyuta chache. Kijana fundi aliyetoka mjini aliniita nimsaidie kwa sababu kila mtu mwingine alikuwa shambani. Mwaka uliotangulia walitandika waya wa shaba angani kati ya majengo hayo mawili. Radi ikapiga mwembe, ikaingia kwenye waya, ikachoma swichi na kompyuta mbili kwa mpigo mmoja. Aliyeutandika alikuwa amekosea mara mbili, kijana alinieleza bila kumdharau. Kwanza, shaba ni njia ya radi. Pili, waya wa mtandao wa shaba una mwisho wake, mita 100, na kijana alihesabu hatua kutoka mlango hadi mlango akapata zaidi ya 140.

Ndani ya jengo la kwanza shaba ilitosha. Alikata ganda la kebo, zikachomoza nyaya nane zilizosokotwa mbili mbili. Msokoto huo ni wa zamani kuliko kompyuta; Alexander Graham Bell aliupatia hataza mwaka 1881, kwa ajili ya simu, maana nyaya mbili zikisokotwa kelele ya nje inazipiga sawasawa na kujifuta. Ethaneti ya Robert Metcalfe, iliyozaliwa California mwaka 1973, ilianza kwa kebo nene na baadaye ikahamia kwenye msokoto huo. Kijana alizinyoosha nyaya kwa kucha, akizipanga huku akinong'ona: nyeupe-chungwa, chungwa, nyeupe-kijani, bluu, nyeupe-bluu, kijani, nyeupe-kahawia, kahawia. Alizikata ncha zikalingana, akazisukuma ndani ya kichwa cha plastiki, akakitazama kwa upande wa mbele kuona shaba nane ziking'aa, ndipo akabana koleo.

"Papa, usiufungue msokoto sana," akaniambia niliposhika kebo ya pili. "Ukiuacha wazi, kelele inaingia."

Kati ya majengo alitandika faiba, imefukiwa ndani ya bomba. Alikuwa amekodi mashine ya kuunganishia, na aliifungua mezani kama anayefungua kitabu cha sala. Ndani ya kebo mlikuwa na nyuzi nne, kila moja na rangi yake. Alivua rangi ya uzi wa kwanza. Kilichobaki ni kioo cha unene wa mikromita 125, kama unywele, na ndani yake njia ya mwanga yenyewe ni mikromita tisa. Alikifuta kwa pamba yenye alkoholi mpaka kikalia kidogo. Akakikata kwa kisu maalumu kinachokwaruza kisha kuvunja, ili uso uwe tambarare. Kipande kilichoanguka alikifuata kwa macho, akakinasa kwa karatasi ya gundi, kwa sababu kioo hicho kikiingia kwenye ngozi hakionekani tena. Ncha mbili zikalazwa zikitazamana. Kwenye kioo cha mashine zilionekana kubwa kama magogo, zikisogezwa zenyewe kushoto na kulia, mpaka cheche ya umeme ikaruka na magogo yakawa gogo moja. Mashine ikaandika 0.02: hasara ndogo kiasi hicho ya desibeli.

Alirudia mara ya pili. Kisha akanituma jengo la pili na kunikataza kutazama ndani ya uzi, maana mwanga wa kazi hauonekani na unaunguza jicho. Alichotuma kwanza kilikuwa mwanga mwekundu wa kalamu, wa kupimia tu. Nilishika ncha ile mbele ya ukuta uliopakwa chokaa. Ukutani likatua doa jekundu, dogo kama punje ya ulezi. Rezo ilikuwa imekata tangu asubuhi, kwa hiyo nilitoka mlangoni nikapiga kelele kumjulisha, na mama mmoja aliyekuwa akipita na kuni kichwani akaipokeza sauti hadi ng'ambo ya uwanja.

Nyuzi mbili zilitosha kwa kazi ya siku ile, moja ya kwenda na moja ya kurudi. Mbili zilizobaki nilidhani atazikata. Hakuzikata. Alizizungusha polepole, mzunguko juu ya mzunguko, akazilaza ndani ya kisanduku alichokipigilia kwenye ukuta unaotazama barabara ya Bukavu, akafunga kifuniko kwa skrubu nne.